Viwavi Waendao kwa Mstari

Kusini ya nchi ya Ufaransa, baridi ya mwaka inapoanza kupungua katika mwezi wa Februari au Machi, mtu apitaye njia ya msituni huweza kuona kitu mfano wa kamba ya rangi ya kahawia kimelala juu ya vumbi. Akikaribia, huona kwamba kamba ile yaenda. Si kamba, wala si nyoka. Ni viwavi, mmoja nyuma ya mwenziwe, kichwa cha huyu kimegusa mkia wa yule aliyemtangulia, na wote wanakwenda mwendo mmoja bila ya kupitana wala kuachana. Mgeni huinama apate kuwatazama vizuri. Mwenyeji hafanyi hivyo. Humshika mtoto wake mkono, humvuta mbwa wake kwa mnyororo, akapita mbali.

Viwavi hao ni watoto wa nondo wa usiku ambaye wataalamu humwita Thaumetopoea pityocampa. Neno hili la pili limetoka katika Kiyunani cha kale: pitys ni msonobari, na kampe ni kiwavi. Makao yake ni nchi zilizoizunguka bahari ya Mediterania, tangu Ureno na Hispania mpaka Ugiriki, na ng'ambo ya pili katika Morocco, Algeria na Tunisia. Chakula chake ni majani ya msonobari, yale membamba yaliyochongoka kama sindano, na katika milima ya Atlas hula hata majani ya mierezi. Katika wadudu wote walao majani ya misonobari katika nchi hizo, hapana awatiaye watu wa misitu hasara na mashaka kama huyu.

MAISHA YAKE

Nondo mwenyewe hana sura ya kuogofya. Ni wa rangi ya kijivu, na mbawa zake zikikunjuliwa hazipiti upana wa vidole viwili au vitatu vya mtu mzima. Hutoka ardhini jioni za miezi ya joto, Juni mpaka Agosti, wala hali kitu chochote, maana kinywa chake hakikuumbwa kwa kula. Ana siku moja au chache tu za kuishi, na kazi yake katika siku hizo ni kutafuta mwenzi na kuzaa.

Jike hutafuta msonobari, akashika majani mawili pamoja na kuyazungushia mayai yake. Mayai hayo huwa 70, na pengine hufika 300, nayo hupangwa safu kwa safu, yote kwa kipimo kimoja. Kisha huyafunika kwa magamba madogo yatokayo katika mwili wake mwenyewe, hata yakaonekana kama kipande cha ganda la tawi. Mtu akiyaondoa magamba hayo atastaajabu, maana kilichomo ndani kinafanana kabisa na gunzi la mahindi lililojaa punje, ila gunzi lenyewe halizidi urefu wa kifundo cha kidole.

Baada ya wiki tano au sita viwavi huanguliwa. Tangu siku ile hawatengani. Hula pamoja, hulala pamoja, na hufuma hariri pamoja. Mwanzoni hufanya vijumba vyepesi vya nyuzi na kuvihama mara kwa mara, lakini baridi ikikaribia hujenga kiota kimoja kikubwa cha hariri nyeupe, chenye ukubwa wa kichwa cha mtu au kuzidi, katika tawi lielekealo jua. Kiota hicho hakina mlango. Viwavi hupenya katikati ya nyuzi, na nyuzi hujifunga nyuma yao.

Jambo la ajabu kwa mdudu huyu ni kwamba hufanya kazi wakati wadudu wengine wa Ulaya wamelala au wamekufa. Hula katika majira ya baridi, tena usiku. Mchana hukaa ndani ya kiota wakiota jua, na kwa kuwa hariri huzuia joto lisipotee, ndani huwa na joto kuliko nje. Giza likiingia hutoka kwa mstari, wakapanda matawi, wakala, na kabla ya mapambazuko wakarudi. Wataalamu wamepima na kuona kwamba ili kiwavi aweze kula, mambo mawili yahitajiwa: mchana joto la kiota lipite digrii 9 za sentigredi, na usiku ule ufuatao baridi isishuke chini ya digrii 0. Moja likikosekana, hulala na njaa. Kipimo hiki kidogo msomaji asikisahau, maana ndicho kilichokuja kuwa habari kubwa katika siku zetu.

Wakisha kukua, viwavi huuacha mti. Hapo ndipo ule mstari mrefu huonekana chini. Wanatafuta mahali penye udongo laini na jua la kutosha, na wakipaona hujichimbia ardhini, kila mmoja akajifunga katika kifukofuko chake, akangoja kugeuka nondo.

BWANA FABRE NA CHUNGU CHA MAUA

Mtu aliyewafanya viwavi hawa wajulikane duniani kote ni Jean-Henri Fabre, mwana wa wakulima maskini, aliyezaliwa mwaka 1823. Alikuwa mwalimu wa shule kwa muda mrefu, katika kisiwa cha Corsica na baadaye mji wa Avignon, na mshahara wake haukumtosha. Mwaka 1879 alipata shamba dogo la mawe na miiba katika kijiji cha Sérignan, shamba ambalo hapana mkulima aliyelitamani, akakaa hapo mpaka kufa kwake mwaka 1915, akitazama wadudu. Kabla yake alikuwako Mfaransa mwingine, Réaumur, aliyeandika habari za viwavi hawa katika miaka ya 1730. Lakini Réaumur aliletewa viota kutoka mbali. Fabre alikuwa nao mlangoni pake.

Fabre aliona kwamba kila kiwavi aendapo huacha uzi mwembamba wa hariri, na wote wapitao huongeza uzi wao juu yake, hata njia ikametameta. Aliona pia kwamba kiongozi wa mstari si mkubwa wala hodari kuliko wenzake. Ni yule tu aliyetokea kuwa mbele, na akiondolewa, wa pili hushika mahali pake. Mstari mmoja aliouhesabu ulikuwa na viwavi wapatao 300, na urefu wake ulikuwa mita 12 hivi.

Basi akajiuliza: ikiwa mstari huu utafungwa uwe duara, asiwepo wa kwanza wala wa mwisho, itakuwaje?

Bahati ilimsaidia. Tarehe 30 Januari 1896, karibu na saa sita za mchana, kundi la viwavi aliowafuga lilipanda juu ya chungu kikubwa kilichopandwa mti wa jamii ya mitende, likaanza kuzunguka ukingo wake. Fabre alingoja mpaka ukingo wote ulipojaa, kisha akawafagia kwa brashi wale waliobaki nyuma, akafuta na nyuzi zote zilizoshuka ubavuni mwa chungu. Wa kwanza akawa anamfuata wa mwisho. Duara likafungika.

Fabre alidhani wangezunguka saa moja au mbili, kisha wangetambua kosa. Haikuwa hivyo. Walizunguka siku ile mpaka usiku. Baridi ilipozidi walisimama na kujikusanya mafungu. Jua lilipopanda walianza tena. Siku ya pili vivyo hivyo, na ya tatu, na ya nne. Kiota chao na majani ya kula havikuwa mbali, lakini ili kuvifikia ilimpasa mmoja auache uzi, na uzi haukuachwa. Wengine walichoka wakasimama, na mstari ukakatika vipande. Lakini kila kipande kilipata kiongozi wake, na kiongozi huyo akaendelea na njia ile ile.

Siku ya nane ndipo wachache, pengine kwa kusukumwa na uchovu, walipoteremka ubavuni mwa chungu. Uzi wao mpya ukawa njia, na jioni ile wote walikuwa wamerudi nyumbani. Fabre aliketi akapiga hesabu. Ukitoa saa za kupumzika na za baridi, walikuwa wamekwenda saa 84. Mzunguko wa chungu ulikuwa mita 1 na sentimita 35. Walikuwa wamekwenda mita 453, yaani walikizunguka chungu kile mara 335.

Habari hii imehadithiwa sana katika vitabu vya nchi nyingi, na mara nyingi hutumiwa kuwacheka watu wafuatao desturi bila kufikiri. Kiwavi mwenyewe anaonewa. Juu ya mti, ambako hapana chungu cha duara, kufuatana ndiko kumfikishako katika chakula gizani na kumrudishako katika joto kabla ya baridi ya alfajiri. Aachwaye nyuma peke yake katika usiku wa barafu hana maisha. Tena uchunguzi wa karne hii umeonyesha kwamba uzi si jambo kubwa kama alivyodhani Fabre. Kiwavi huongozwa zaidi na nywele za mkia wa mwenziwe zimgusazo usoni, na harufu iachwayo na tumbo la aliyetangulia likiburutwa juu ya gome.

Wasomaji wa Kenya magharibi hawatauona mwendo huu kuwa mgeni sana. Katika msitu wa Kakamega yuko nondo wa ukoo huo huo, aitwaye Anaphe panda, ambaye viwavi wake hula majani ya mkarati, hutembea kwa mstari, na hujifungia pamoja katika mfuko mmoja wa hariri. Ila huyu wa Kakamega ana faida: hariri yake huvunwa na kufumwa nguo. Wa Ulaya hakupata kumfaa mtu kwa lolote.

SUMU YA NYWELE

Kiwavi wa msonobari akisha kujivua ngozi mara mbili huota juu ya mgongo wake nywele za namna ya pili, fupi mno hata jicho halizioni moja moja. Mkubwa mmoja huweza kuwa na nywele hizo laki kadhaa, hata milioni moja. Kila moja imechongoka kama mshale na ina vimiba vya kuizuia isitoke ilipochoma, nayo ina sumu. Kiwavi akiudhiwa huzipeperusha hewani, na upepo hufanya kazi iliyobaki. Ngozi huwasha na kuvimba, macho huwa mekundu, na mwenye pumu huweza kushikwa vibaya. Fabre alitaka kuijua sumu hii, akaitoa katika ngozi za viwavi kwa kuziloweka katika dawa ya etha, akajipaka yeye mwenyewe mkononi. Alipata alichokitaka: maumivu, uvimbe, na usiku bila usingizi.

Watu wa kale waliijua habari hii vizuri. Sheria ya Warumi juu ya wauaji, iliyowekwa mwaka 81 kabla ya Kristo, ilipoelezwa baadaye na wanasheria wao, ilihesabu kuwa na hatia muuza dawa aliyempa mtu ovyo ovyo baadhi ya vitu vya sumu, na kiwavi wa msonobari alitajwa kwa jina lake katika orodha ile.

Lakini aumiaye zaidi ni mbwa. Mbwa hunusa kila kitu, na akiona kamba iendayo hutaka kuijua kwa ulimi. Ulimi huvimba mara moja, na nyama iliyoguswa huweza kufa na kukatika. Wengine hufa wenyewe. Hapana la kufanya ila kumwosha kinywa kwa maji mengi bila ya kusugua, maana kusugua huvunja nywele na kutoa sumu zaidi, na kumkimbiza kwa daktari wa wanyama. Na hatari haiishi viwavi wanapoondoka, kwa kuwa nywele hubaki na sumu yake katika kiota kikuukuu kwa miaka. Mwaka 2022 Serikali ya Ufaransa ilimwandika kiwavi huyu rasmi katika wadudu wadhuruo afya ya watu.

MSITU WA MTI MMOJA

Pengine msomaji atauliza, ikiwa mdudu huyu ni wa tangu zama za Warumi, kwa nini hasara yake imekuwa kubwa katika miaka hii ya karibu? Sehemu ya jibu imo katika kazi ya watu wenyewe.

Kusini-magharibi ya Ufaransa iko nchi iitwayo Landes. Zamani ilikuwa tambarare ya mchanga na vichaka, iliyojaa maji wakati wa mvua, na wachungaji wake walitembea juu ya milonjo mirefu ili wayaone makundi yao ya kondoo na wasilowe miguu. Malisho yalikuwa ya watu wote. Tarehe 19 Juni 1857, katika utawala wa Napoleon III, ilitolewa sheria ya kuzilazimisha jumuiya za vijiji zichimbe mifereji ya kukausha ardhi na kuipanda miti, au kuiuza kwa wawezao kufanya hivyo. Malisho yakaisha, na mchungaji na milonjo yake wakaisha pamoja nayo. Mahali pao pakasimama msonobari, karibu hekta milioni moja, mti wa namna moja, mara nyingi wa umri mmoja, safu kwa safu. Watu walipata utomvu, mbao na karatasi, na maelfu walipata kazi. Nondo naye alipata shamba aliloandaliwa.

Mti ulioliwa majani yote kwa kawaida haufi. Viwavi humaliza kula kabla ya majani mapya kuchipuka, na mti huvaa tena. Lakini mwaka ule haukui, au hukua kidogo sana, na mti mdogo ukiliwa miaka miwili mfululizo huweza kukauka, au kudhoofika hata ukawa chakula cha wadudu wengine watoboao shina. Jambo kama hilo lilitokea katika Algeria, ambako tangu miaka ya 1970 Serikali ilipanda misonobari mingi kuwa ukuta wa kuzuia jangwa. Viwavi waliiandama miti ile iliyokwisha kuwa na kiu.

Sehemu ya pili ya jibu ni ule usiku wa digrii 0. Zamani, kaskazini ya Ufaransa na juu ya milima, usiku wa barafu ulikuwa mwingi mno, na kiwavi aliyepelekwa huko alikufa kwa njaa juu ya chakula chake. Dunia ilipozidi joto, usiku kama huo ulipungua. Kati ya mwaka 1972 na 2004 mpaka wa mdudu huyu katikati ya Ufaransa ulihamia kaskazini kilomita 87. Katika milima ya Alpi ya Italia, kati ya 1975 na 2004, alipanda mita 110 hadi 230 juu zaidi, akaikuta misonobari isiyomjua. Nondo jike haruki mbali, lakini watu wamemsaidia hata katika hili: makundi yameonekana karibu na Paris na katika Alsace, mbali mbele ya mpaka wenyewe, nayo yalifika ndani ya udongo wa miti mikubwa ya bustani iliyosafirishwa kwa malori, vifukofuko vikiwa vimejificha mizizini.

Na huko Ureno, katika msitu wa Leiria, mwaka 1997 lilitokea jambo ambalo wataalamu hawakulitazamia. Walionekana viwavi wakila katika miezi ya joto, badala ya baridi, na wazazi wao wakiruka mapema kuliko wengine. Wanaishi msitu mmoja na ndugu zao wa baridi, lakini kwa kuwa hawaruki wakati mmoja, hawaoani.

JINSI WANAVYOPIGWA VITA

Njia ya kwanza ni ya mkono: kukata tawi lenye kiota na kulichoma moto. Kazi hii si ya kila mtu. Mkataji huvaa nguo za kumfunika mwili mzima, miwani na kinga ya kinywa, na asimame upande utokako upepo. Katika bustani za miji hufungwa ukanda kuzunguka shina, wenye mfuko wa udongo. Viwavi washukapo hudhani wamefika ardhini, wakajizika mfukoni, na mfuko ukachukuliwa. Tena iko mitego yenye harufu iliyotengenezwa mfano wa ile ya nondo jike, na dume huifuata mpaka akanaswa.

Kwa misitu mikubwa watu walinyunyiza kwa ndege dawa yenye bakteria wa Bacillus thuringiensis, ambao humwua kiwavi alaye jani lililonyunyizwa na hawamdhuru mtu. Hata hivyo mwaka 2009 Jumuiya ya Ulaya ilikataza kunyunyiza dawa kwa ndege isipokuwa kwa ruhusa maalumu, na watu wa misitu wakalazimika kutafuta mashauri mengine. Moja ni kupanda pembezoni mwa msitu miti ya majani mapana, kama vile mbetula. Nondo jike huichagua misonobari kwa kuiona imesimama wazi dhidi ya anga. Ikifichwa na miti mingine, na harufu yake ikichanganyika na ya miti hiyo, hupita bila ya kuitambua. Shauri hili ni la polepole, lakini halina gharama ya kila mwaka.

Ndege nao wana sehemu yao. Tomtiti mkubwa wa Ulaya hutoboa kiota katikati ya baridi akawala viwavi baada ya kuwasugua juu ya tawi, kwa hiyo watu humtundikia visanduku vya kutagia katika misonobari. Hudihudi, yule mwenye kishungi kichwani, ambaye huonekana Kenya pia, huchoma mdomo wake mrefu ardhini na kuvitoa vifukofuko. Hudihudi wengi wa Ulaya huhamia Afrika viwavi wangali wadogo mitini, na warudipo, mavuno yako tayari chini ya udongo.

Lakini hata hudihudi hawezi kuvimaliza. Si kila kifukofuko hutoa nondo mwaka ule ule. Vingine hukaa ardhini mwaka wa pili, wa tatu, na hata zaidi, kisha vikafunguka. Kwa sababu hiyo bwana msitu hutembea kila majira ya baridi akihesabu viota vyeupe mti kwa mti, hata katika msitu ambao mwaka uliopita hakuona kiota hata kimoja.